Kesi za hundi zilizorudi: Suluhu inawezekana, lakini si ya watu wawili tu

Na Mwandishi Wetu

KATIKA vijiji vya delta ya Mto Rufiji, wilayani Kibiti, mkoani Pwani, mavuno ya kamba, mpunga, nazi na korosho huuzwa mara nyingi kwa mnunuzi anayetoka mbali. Mnunuzi huyo akilipa kwa hundi, muuzaji hubaki na karatasi ambayo thamani yake haijulikani hadi afike benki.

Kwa mkazi wa kata za Msala, Kiongoroni au Maparoni, kufika benki si jambo la dakika chache. Ni safari ya boti hadi Nyamisati, kisha ya gari kupitia Bungu hadi Kibiti mjini. Siku anapoambiwa kuwa hundi imerudishwa kwa kukosa fedha, mzigo wake umekwishauzwa Dar es Salaam na mnunuzi hapokei simu.

Hatua inayofuata kwa wengi ni kituo cha polisi. Na hapo ndipo, baada ya mnunuzi kukamatwa, ndugu zake wanapojitokeza na neno moja: "Tuyamalize." Muuzaji anataka fedha zake, mnunuzi anataka uhuru wake, na wote wawili hudhani kuwa wakishapeana mikono kesi imekwisha.

Dhana hiyo ni ya kweli kwa nusu tu. Sheria za Tanzania zinatambua suluhu na zimeiwekea njia, lakini katika kesi ya jinai mwenye shitaka si muuzaji. Ni Jamhuri. Makala haya yanaeleza njia hizo, mipaka yake, na namna ya kuandika makubaliano yasiyomwacha mlalamikaji bila fedha na bila kesi. Namba za vifungu vya sheria za Tanzania zilizotajwa humu ni za Toleo la mwaka 2022. Toleo la Mapitio la mwaka 2023 lilianza kutumika Julai 1, 2025, hivyo ni vyema kuhakiki namba kabla ya kuandika barua au maombi.

Si kila hundi iliyorudi ni jinai

Mashitaka ya aina hii kwa kawaida hufunguliwa chini ya kifungu cha 302 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kinachohusu kujipatia mali kwa njia ya udanganyifu. Adhabu yake ni kifungo kisichozidi miaka 7.

Upande wa mashitaka hautoshelezwi na hundi kurudi. Ni lazima uthibitishe kuwa mshitakiwa alitoa maelezo ya uongo, kwamba alijua ni ya uongo, kwamba alikusudia kudanganya, na kwamba mwenye mali aliitoa mali yake kwa sababu ya uongo huo.

Tuchukue mfano wa kubuni. Mfanyabiashara wa Msala anauza kamba wa Sh 6,000,000. Mnunuzi anamkabidhi hundi ya tarehe ileile kabla mzigo haujapakiwa, huku akijua kuwa akaunti yake ilifungwa zamani. Hapo udanganyifu unaonekana wazi, kwani bila hundi ile mzigo usingetoka.

Tubadilishe kidogo. Mnunuzi amechukua kamba kwa mkopo, na mwezi mmoja baadaye analeta hundi ya kulipia deni, nayo inarudi. Hapa hundi haikumpatia kamba, kwa sababu alikwisha kuwachukua. Muuzaji anadai haki yake, lakini shitaka la kujipatia kamba kwa hundi ya uongo litakuwa na mguu mmoja.

Hali ya tatu ni ya hundi yenye tarehe ya mbele, ambayo mnunuzi ameitoa akisema: "Usiipeleke benki hadi mwisho wa mwezi, sasa hivi sina kitu." Muuzaji aliyekubali maneno hayo aliambiwa ukweli kuhusu akaunti siku ile. Ni vigumu baadaye kudai kuwa alidanganywa kuhusu jambo alilokuwa analifahamu.

Tofauti hizi ndizo zinazoamua nguvu ya kila upande unapokaa mezani. Mlalamikaji mwenye hali ya kwanza ana kesi mbili mkononi, ya jinai na ya madai. Mwenye hali ya pili au ya tatu ana kesi nzuri ya madai, na anayemtisha mdaiwa kwa jela katika hali hiyo anatishia kwa silaha ambayo huenda haina risasi.

Aidha, mabadiliko ya sheria ya mwaka 2023 yaliongeza katika kifungu cha 4 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, sharti kwamba jambo lenye sura ya madai na ya jinai lipitie kwanza nafuu zilizopo upande wa madai au wa kiutawala kabla ya mkondo wa jinai kutumika. Sharti hilo halikufuta kosa la udanganyifu. Linampa mdaiwa wa kweli hoja ya kuinua pale deni la kawaida linapovishwa joho la jinai.

Kwa nini mlalamikaji hawezi "kufuta kesi"

Hati ya mashitaka husomeka Jamhuri dhidi ya mshitakiwa. Muuzaji ni shahidi muhimu, lakini si mwenye kesi. Mamlaka ya kufungua, kuendesha na kusitisha mashitaka yamo mikononi mwa Mkurugenzi wa Mashitaka, ambaye nafasi yake imewekwa na Ibara ya 59B ya Katiba, na waendesha mashitaka walio chini yake.

Kwa sababu hiyo, mlalamikaji aliyelipwa akaamua tu kutofika mahakamani hajaimaliza kesi. Shahidi aliyeitwa kisheria akakaidi anaweza kutolewa hati ya kukamatwa. Na hata kama mshitakiwa ataachiwa kwa kukosekana mashahidi, kuachiwa huko si lazima kuwe mwisho wa shauri.

Hata hivyo, kauli ya mlalamikaji kuwa amelipwa ina uzito. Mwendesha mashitaka huitazama anapopima kama kuna manufaa kwa umma kuendelea, na hakimu huizingatia katika hatua mbalimbali. Jambo la msingi ni kuipitisha kauli hiyo katika mlango sahihi.

Mlango wa kwanza: kabla ya shitaka kufikishwa mahakamani

Huu ndio wakati mwepesi zaidi. Jalada likiwa bado kwa wapelelezi au kwa mwendesha mashitaka, pande mbili zinaweza kuwasilisha makubaliano ya maandishi pamoja na uthibitisho wa malipo. Uamuzi wa kulifunga jalada unabaki kwa mamlaka husika, lakini hakuna hakimu wa kuombwa ridhaa wala tarehe za kuhudhuria.

Ofisi ya kijiji au ya kata inaweza kuwa mahali pazuri pa kukutania na kushuhudia sahihi. Haina mamlaka ya kufuta shitaka la udanganyifu, na mwenyekiti wa kijiji asiahidi kisichokuwa mikononi mwake.

Mlango wa pili: upatanisho mahakamani

Kifungu cha 163 cha Sura ya 20 kinairuhusu mahakama kuhimiza upatanisho na kusimamisha shauri, kwa masharti ya kulipa fidia au masharti mengine ambayo mahakama imeyakubali. Wengi hukitaja kifungu hiki bila kukisoma hadi mwisho.

Kinahusu shambulio la kawaida na makosa mengine ya asili binafsi, ambayo hayafikii daraja la kosa kubwa na hayana mazingira ya kuyazidishia uzito. Kanuni ya Adhabu nayo inatafsiri kosa kubwa kuwa ni pamoja na lile lenye adhabu ya kifungo cha miaka 3 au zaidi, isipokuwa sheria imelitamka kuwa dogo. Kosa lenye kifungo cha miaka 7 linakwama kwenye kizingiti hicho.

Kwa maneno mengine, mlango ambao jina lake ni upatanisho ndio mwembamba kuliko yote kwa kesi ya hundi iliyofunguliwa chini ya kifungu cha 302. Anayetaka suluhu asiuegemee peke yake.

Mlango wa tatu: kuondolewa kwa shitaka

Huu ndio mlango mpana kwa kesi iliyokwisha kufika mahakamani. Kifungu cha 98 kinamruhusu mwendesha mashitaka, kwa ridhaa ya mahakama au kwa maelekezo ya Mkurugenzi wa Mashitaka, kuliondoa shitaka wakati wowote kabla ya hukumu kusomwa.

Wakati wa kufanya hivyo una maana kubwa. Shitaka likiondolewa kabla mshitakiwa hajatakiwa kujitetea, anaachiwa, lakini anaweza kushitakiwa tena kwa mambo yaleyale. Likiondolewa baada ya kutakiwa kujitetea, anaachiwa huru moja kwa moja na shauri hilo halifufuki.

Turudi kwenye mfano wetu wa Sh 6,000,000. Tuseme mnunuzi amelipa Sh 2,000,000 na kuahidi kulipa zilizobaki kwa awamu mbili. Kwa muuzaji, shitaka kuondolewa mapema kunaacha uwezekano wa kesi kurejeshwa awamu zikikiukwa. Kwa mshitakiwa, usalama kamili haupo hadi awamu ya mwisho ilipwe. Kila upande unapaswa kulijua hilo kabla ya kutia sahihi, si baada ya kutoka mahakamani.

Mkurugenzi wa Mashitaka anayo pia mamlaka, chini ya kifungu cha 91, ya kutamka kuwa Jamhuri haina nia ya kuendelea na shauri. Hayo ni mamlaka yake mwenyewe. Mlalamikaji anaweza kumwandikia barua, lakini hawezi kumlazimisha.

Mlango wa nne: makubaliano ya kukiri kosa

Marekebisho ya sheria ya mwaka 2019 yaliingiza vifungu vya 194A hadi 194H kuhusu majadiliano ya kukiri kosa, na kanuni za utekelezaji zikatolewa mwaka 2021. Mshitakiwa anakubali kosa, au kosa dogo zaidi, na makubaliano yanaweza kujumuisha kurejesha mali au kulipa fidia.

Mazungumzo haya ni kati ya mwendesha mashitaka na mshitakiwa. Mwathirika hushauriwa pale mazingira yanaporuhusu, na mahakama ndiyo inayoyasajili makubaliano baada ya kujiridhisha kuwa yamefanywa kwa hiari.

Faida yake kwa muuzaji ni kuwa fedha zake zinaingia katika amri ya mahakama. Hasara yake kwa mshitakiwa ni kuwa anaondoka akiwa amepatikana na hatia. Kwa mfanyabiashara anayehitaji leseni, zabuni au mkopo, hilo si jambo la kupuuzwa, na kabla ya kulikubali azungumze na wakili.

Kesi ikifika hukumu na mshitakiwa akatiwa hatiani bila makubaliano yoyote, mahakama bado inaweza kumwamuru alipe fidia chini ya kifungu cha 348, pamoja na adhabu nyingine. Malipo yaliyofanyika kabla ya hapo huweza kupunguza adhabu, lakini hayafuti hatia.

Mtego wa suluhu ya gizani

Wahenga walisema heri nusu shari kuliko shari kamili. Lakini ipo suluhu inayozaa shari nyingine. Kanuni ya Adhabu inalitaja kuwa kosa kupokea au kukubali manufaa kwa makubaliano ya kuficha kosa kubwa, kuacha au kuchelewesha kulishitaki, au kuzuia ushahidi wake.

Hivyo, mlalamikaji anayeandika "nimepokea fedha na sitatoa ushahidi" anajiwekea kamba shingoni. Anayeandika "nimerejeshewa fedha zangu zote, na naiomba ofisi ya mashitaka izingatie hilo" amesema jambo la halali mbele ya mamlaka yenye uamuzi. Tofauti kati ya kauli hizo mbili ni uwazi.

Upande wa pili wa mtego huo ni kuigeuza mahabusu kuwa mkusanya madeni. Kosa hili lina dhamana, na mtuhumiwa hapaswi kushikiliwa ili tu ndugu zake wauze shamba la korosho kwa bei ya kutupa. Fedha za suluhu zilipwe kwa mwenye deni kwa njia inayoacha kumbukumbu, na zisikabidhiwe kwa mtu yeyote anayejitolea "kuzifikisha".

Makubaliano yaandikwe vipi

Mali bila daftari huisha bila habari. Makubaliano ya suluhu yaandikwe kwa lugha ambayo pande zote zinaielewa, na tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama. Mambo yafuatayo yasikosekane:

1. Majina ya pande zote, namba na tarehe ya hundi, jina la benki, kiasi kilichoandikwa na sababu iliyotolewa benki ilipoirudisha.

2. Namba ya jalada la polisi au ya kesi, na hatua iliyofikiwa.

3. Kiasi kilicholipwa, kilichobaki, tarehe ya kila awamu na njia ya malipo. Malipo ya benki au ya simu hujitunzia ushahidi. Fedha taslimu ziandikiwe stakabadhi mbele ya mashahidi.

4. Nini kitatokea awamu moja ikikosekana, kwa mfano deni lote lililobaki kudaiwa mara moja.

5. Tamko kuwa makubaliano yatawasilishwa kwa mwendesha mashitaka au mahakamani, na kuwa uamuzi kuhusu shitaka ni wa mamlaka hizo.

Hundi halisi isirudishwe kwa mdaiwa hadi malipo yakamilike, na kama imekwisha kuwa kielelezo, hadi mamlaka inayoishikilia iitoe. Vilevile, muuzaji asikubali hundi nyingine kama malipo ya suluhu. Aliyeumwa na nyoka akiona jani hushtuka, na hapa kushtuka ni busara.

Mlango wa madai haujafungwa

Kuwepo kwa kesi ya jinai hakumzuii muuzaji kudai fedha zake kwa njia ya madai. Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, imeweka utaratibu wa mkato kwa madai yanayotokana na hati za malipo, hundi ikiwamo. Mdaiwa hajitetei kwa kutaka tu. Ni lazima kwanza aombe na kupewa ruhusa ya mahakama, na asipoipata mdai anaweza kupewa hukumu.

Pande zikipatana ndani ya kesi hiyo, Amri ya XXIII inairuhusu mahakama kuyaandika makubaliano na kuyatolea tuzo. Suluhu ya namna hii ina meno, kwani mdaiwa akikiuka, mdai haanzi kesi upya bali anaomba utekelezaji. Makubaliano yaliyobaki kwenye faili la jinai pekee, au kabatini kwa mwenyekiti wa kijiji, yatahitaji kufunguliwa madai ya mkataba, ambayo kwa Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, yana muda wa miaka 6.

Wenzetu wanafanyaje

Kenya imeliandika kosa la hundi mbovu kwa jina lake, katika kifungu cha 316A cha Kanuni yake ya Adhabu. Ni kosa dogo, lenye faini isiyozidi Sh 50,000 za Kenya au kifungo kisichozidi mwaka 1, au vyote viwili, na hundi yenye tarehe ya mbele imewekewa kinga pale tatizo ni upungufu wa fedha katika akaunti. Kwa kuwa ni kosa dogo, halikwami kwenye kizingiti cha kosa kubwa pale mahakama inapotaka kupatanisha.

India ilianza kuitoza jinai hundi isiyo na fedha mwaka 1989, lakini ikampa mtoaji siku 15 za kulipa baada ya kupewa notisi. Marekebisho ya mwaka 2002 yakatamka kuwa makosa hayo yote yanaweza kusuluhishwa. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ikaweka tozo inayopanda kadiri suluhu inavyochelewa: asilimia 10 ya kiasi cha hundi mbele ya hakimu baada ya hatua za mwanzo, asilimia 15 katika Mahakama Kuu, na asilimia 20 katika Mahakama ya Juu. Viwango hivyo vimekuja kurekebishwa, lakini ujumbe wake ulieleweka: anayetaka kupatana apatane mapema.

Falme za Kiarabu, ambako wafanyabiashara wengi wa Afrika Mashariki hununua bidhaa, ziliondoa kwa sehemu kubwa jinai kwa hundi iliyokosa fedha kuanzia Januari 2, 2022. Mwenye hundi sasa huipeleka moja kwa moja kwenye utekelezaji wa kimahakama. Kilichobaki kuwa jinai ni vitendo vya hila, kama kughushi hundi au kufunga akaunti makusudi ili isilipwe.

Nchi hizo tatu zimepita njia tofauti, lakini kila moja imepunguza umbali kati ya mwenye hundi na fedha zake. Hapa kwetu njia ipo, ila imetawanyika katika sheria kadhaa, na anayeishi mwendo wa boti kutoka mahakamani ndiye anayeijua kwa uchache zaidi.

La kufanya

Mwenye hundi iliyorudi achukue uthibitisho wa benki siku hiyohiyo, amwandikie mtoaji notisi ya madai na kutunza nakala, kisha apime kwa ukweli kama alidanganywa au alikopesha. Msaada wa kisheria kwa wasio na uwezo upo chini ya Sheria ya mwaka 2017, na wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa wanaweza kusaidia hatua za awali.

Mtoaji wa hundi naye asisubiri pingu. Dawa ya deni ni kulipa, na kila hatua ya kesi inayopita humpunguzia nafasi ya kumaliza jambo bila hatia. Kabla ya shitaka anahitaji kuridhisha ofisi moja. Baada ya shitaka anahitaji mwendesha mashitaka na mahakama. Baada ya hukumu, suluhu haifuti tena hatia.

Na kwa wote wawili, kupeana mikono ni mwanzo tu. Suluhu inakuwa suluhu pale fedha zimefika, karatasi imeandikwa, na mwenye mamlaka juu ya shitaka amelitolea uamuzi.